Mzee karudishwa nyumbani, wamesema "mkamtunze". Tujiandae vipi, na mjane tumshike vipi baada ya matanga?

jirani_ujiji

Wakuu, salaam. Hapa mtaani Ujiji kuna mzee wa miaka 68, saratani ya tezi dume imeshaingia kwenye mifupa. Amerudishwa nyumbani na chupa ya mofini ya maji. Anayemhudumia ni mkewe, muuza dagaa, na mjukuu wa miaka 6 analala chumba hicho hicho. Majirani tupo tayari kusaidia ila hatujui tushike wapi. Tunaomba wenye ujuzi mtueleze: tutajuaje saa zimekaribia, usiku ule wenyewe tufanye nini, na wageni wakishaondoka mama tumsaidie vipi? Maneno ya "mwachieni Mungu" tunayo ya kutosha, tunataka ya mikono.

nesi_shufaa

Mkuu, anza na dawa, kwa sababu nyumba nyingi zinakosea hapo. Mofini ya maji, dawa kali ya maumivu, hudumu mwilini kama saa 4, kwa hiyo hutolewa kila baada ya saa 4, siyo kwa kusubiri maumivu. Ratiba inayoshikika ni saa 12 asubuhi, saa 4, saa 8 mchana, saa 12 jioni na saa 4 usiku. Dozi ya saa 4 usiku kwa kawaida huwa mara mbili ya dozi moja ili ya saa 8 usiku irukwe na watu walale, lakini hilo aliyeandika dawa awe amelisema. Pimeni kwa bomba la sindano lisilo na sindano. Kijiko cha jikoni hapana, vijiko havilingani. Tena someni lebo, miligramu ngapi kwa mililita 5, maana nguvu hutofautiana chupa na chupa. Ikija chupa mpya, mililita za zamani zisitumike kwa mazoea.

Saratani ya mifupa huuma zaidi mgonjwa akiguswa. Mpeni dozi, subirini nusu saa, ndipo mumwogeshe au mumgeuze. Mofini hufunga choo kwa karibu kila anayeinywa, kwa hiyo dawa ya kulainisha choo ianze siku ile ile, isisubiri siku ya tano tumbo limeshakuwa gumu. Usingizi mzito wa siku 2 au 3 za mwanzo ni kawaida. Asipoamshika kabisa na pumzi zikashuka chini ya 8 kwa dakika wakati jana alikuwa anaongea vizuri, rukeni dozi mpige simu kwa aliyewapa dawa.

Jambo moja la ugonjwa huu: miguu ikilegea ghafla au mkojo ukaziba, hiyo ni hospitali siku hiyo hiyo, Maweni au penye daktari wa karibu. Uvimbe unaweza kuwa unabana uti wa mgongo. Na mzee akianza kuhangaika usiku, anavuta shuka, anataka kuinuka, msikimbilie kusema ameingiliwa. Shika chini ya kitovu. Kibofu kilichojaa peke yake humfanya mtu asiyeweza kusema ahangaike hivyo, na mpira wa mkojo humtuliza kwa dakika chache.

Dalili za kukaribia: analala sehemu kubwa ya siku, chakula hataki, mkojo unakuwa kidogo na mweusi kama chai ya rangi. Baadaye nyayo na viganja hupoa, magoti yanatoka mabaka ya zambarau, na pumzi hubadilika: anahema haraka, kisha kimya cha sekunde 20 au 30, kisha anaanza tena. Kooni panaweza kukoroma. Ni mate anayoshindwa kuyameza, na mara nyingi yanawatesa wasikilizaji kuliko yeye. Mlazeni ubavu, kichwa juu kidogo, mto katikati ya magoti. Ukifika hapo, zimebaki saa au siku chache.

mzalendo_halisi

Mimi naona mnamuua kwa kiu. Mtu hali wala hanywi halafu mnaangalia? Mwekeeni dripu, au mlazimisheni uji mwepesi kwa kijiko.

nesi_shufaa

Ndugu, huo uji wa kijiko ndio unaomwua kwa shida. Koo limeshasahau kazi yake, uji unaingia kwenye mapafu, anafia kwenye kikohozi. Na dripu kwa mtu ambaye figo zinafunga huishia kwenye mapafu na miguu, mkoromo unazidi. Mwili unaokufa hauombi chakula. Haufi kwa sababu haukulishwa. Kinachomsumbua ni mdomo mkavu, na huo una dawa: kitambaa safi cha pamba kwenye kidole, maji ya uvuguvugu yenye chumvi kidogo (nusu kijiko cha chai kwa nusu lita), futa ulimi na ufizi kila baada ya saa 2, kisha mafuta ya mgando kwenye midomo. Akiwa bado anameza na anataka, mpe anachotaka, hata vijiko viwili vya chai. Mpe kazi hiyo mkewe. Anayetaka kulisha anatafuta namna ya kupenda, sasa usimnyang'anye mikono.

katibu_kamati_Tabora

Niongezee upande wa pili, huku kwetu mtaa wa Ng'ambo, Tabora, misiba tunaipanga kila wiki.

Roho ikitoka msikimbilie kupiga yowe. Kile kimya cha kati ya pumzi huwahadaa watu wengi. Sikilizeni dakika 5 nzima, shikeni shingo pembeni ya koromeo, mwiteni nesi au mganga wa zahanati athibitishe, muandike saa. Halafu mikono ifanye haraka: fumbeni macho, fungeni kidevu kwa kitambaa kinachopita chini ya taya hadi utosini, nyoosheni mikono na miguu. Mwili huanza kukakamaa ndani ya saa 2 hadi 4, taya zikitangulia, na kwa joto la Kigoma huwahi zaidi. Mkichelewa, waoshaji watapambana na mkono uliokunjika. Vaeni glovu, wekeni kitambaa kizito chini, maana mkojo na choo hutoka. Kama ni Waislamu, kumwelekeza kibla hapo kwenu ni kaskazini, ukipinda kidogo mashariki. Kifo cha ghafla chenye utata au jeraha, msioshe, polisi kwanza. Mwenye kuhara na kutapika sana, msioshe wala msipike hapo, waiteni watu wa afya. Kipindupindu kimepita kwenye misiba mingi kupitia mikono ya waoshaji wanaohamia jikoni.

Makaratasi: kifo cha nyumbani kinaanzia kwa mwenyekiti wa mtaa na mtendaji. Mpate kibali cha mazishi, kisha tangazo la kifo lipelekwe kwa msajili wa wilaya. Sheria inataka kifo kiandikishwe ndani ya siku 30, na RITA, wakala wa usajili, ndio wenye cheti. Sasa hapa pananiuma kila mara: jina. Kitambulisho cha NIDA kimeandikwa Ramadhani, benki Ramadhan, kadi ya mfuko wa pensheni R. Juma. Mtu mwenye huzuni anajaza fomu kwa haraka anavyomwita baba yake, miezi 3 baadaye mjane anatafuta hati ya kiapo mahakamani. Kabla hajafa, kusanyeni nakala zote kwenye bahasha moja, mwone jina lipi linatawala.

Chakula. Kwa watu 100 wazima, unga kilo 22 mpaka 25, maharage kilo 10 yaliyolowekwa usiku (kuni zinapungua sana). Mchele, kilo 15. Dagaa wenu wa ziwani wanaokoa bajeti, msiende kununua ng'ombe kwa kuogopa maneno. Kwa Waislamu ndiyo desturi yenyewe, Mtume alipopata habari ya kifo cha binamu yake Jaafar aliagiza familia ya Jaafar ipikiwe, siyo wao wapikie watu. Na daftari la michango lichoreni sehemu mbili tangu siku ya kwanza: mazishi, na baada ya matanga. Theluthi moja ikae upande wa pili, ishikwe na mtu asiye wa ukoo. Msipochora mapema, turubai, viti na basi la kurudisha wageni vitameza hela yote kufikia siku ya tatu.

Watani nao, waambieni mapema. Mtani anayejilaza kwenye kaburi adai shilingi mia tano anachekesha msiba wa mzee wa miaka 90. Msiba wa mtoto, asikaribie.

bi_mkunazi

Mimi nazungumzia mama na huyo mjukuu.

Mtoto wa miaka 6 asiambiwe "babu amelala" wala "amesafiri". Ataogopa kulala, au atakaa mlangoni anasubiri basi. Neno ni amekufa: mwili umeacha kufanya kazi, hahemi, hasikii baridi, harudi. Atauliza tena kesho maneno yale yale, mjibuni yale yale. Wa umri huo wengine bado hawashiki kwamba kifo ni cha kudumu, na huweza kudhani wamekisababisha, kwa mfano siku ile alimkatalia babu maji. Mwambieni wazi kwamba siyo yeye. Akicheza nje saa moja baada ya maziko, msimkemee, watoto huingia na kutoka kwenye huzuni kama kwenye maji.

Kwa mjane, wiki ya pili ndiyo ngumu, siyo ya kwanza. Jamvi limekunjwa, simu zimekata. Msimwambie "ukihitaji chochote sema", hatasema. Njoo na jambo lenye jina: "Jumanne nachota maji, ndoo nne." Kama ni Mwislamu atakaa edda miezi 4 na siku 10, na huyu ni muuza dagaa. Mzigo wake wa dagaa mwaloni Kibirizi nani atauchukua? Pangeni watu wawili, mmoja anunue na kuanika, mwingine auze, hesabu iandikwe kwenye daftari analoliona kila jioni. Mkikosea hapo, edda ikiisha mtaji hakuna. Kwenda kliniki kwa haja hakuzuiliwi na edda. Ulizeni kama anameza vidonge vya presha au sukari, na mwangalie pakiti kwa macho yenu, kwa sababu wiki za mwanzo watu huacha dawa bila kujua na moyo uko hatarini.

Zile hatua tano za huzuni zinazosambazwa kwenye simu msimpimie nazo. Elisabeth Kübler-Ross alizitoa mwaka 1969 kwa kuzungumza na wagonjwa wanaokufa wenyewe, siyo na wafiwa. Mtu anaweza kucheka asubuhi na kuanguka jioni kwa kuona kofia. Kitu cha kuangalia ni muda na uzito: ikipita miezi 6, bado hawezi kupika, hatoki, hali, au siku yoyote akisema "ningemfuata tu", mpelekeni hospitali. Na muulizeni kwa kinywa chenu kama anafikiria kujiua. Kuuliza hakumpandikizii wazo.

jirani_ujiji

Nimenakili yote. Moja limebaki: ile mofini ikibaki chupani? Shemeji yake ana mgongo unamsumbua miaka, ameshaanza kuuliza.

nesi_shufaa

Asipewe hata tone. Dozi aliyozoea mzee inaweza kumsimamishia pumzi mtu ambaye hajawahi kuinywa, akiwa usingizini, na nyumba ipate msiba wa pili. Siku ya maziko mpeni mtu mmoja kazi ya ile chupa: aitie kwenye mfuko na mabomba yake ya kupimia, airudishe kwenye famasi ya hospitali iliyoitoa, waandike mililita zilizobaki na asaini. Kabla ya hapo ikae kwenye sanduku la kufuli, na huyo wa miaka 6 asijue ufunguo uko wapi.