Mnaorekodi maisha ya India kwa Kiswahili: unga wa mchele mlangoni umekuwa uchawi tangu lini?

Wakuu, mods msiuhamishe huu uzi. Nimevumilia vya kutosha.

Naishi Chennai, Tamil Nadu. Wabongo tupo, wengine kwa masomo, wengine wameleta wagonjwa. Juzi kaja jamaa wa YouTube, wa nyumbani kabisa, tukampokea. Alfajiri kamkuta mama mwenye nyumba wetu, mtu mzima wa rika la bibi yangu, keshafagia na kunyunyiza maji mlangoni, anachora kolam. Anauachia unga wa mchele kidogo kidogo kati ya kidole gumba na cha shahada: kwanza nukta, halafu mistari inayozizunguka. Nyumba nyingi huku ndivyo zinavyoanza siku, na mwezi wa Margazhi, kuanzia katikati ya Desemba, wanachora makubwa hasa, mpaka sikukuu ya Pongal ifike Januari. Ni pambo na ni baraka ya nyumba. Unga wenyewe wanaula sisimizi na ndege.

Jamaa karekodi kwa kujificha, kapandisha: "UCHAWI WA WAHINDI MLANGONI, SIRI YA UTAJIRI WAO." Utajiri upi? Mama wa watu anaishi kwa kodi yetu sisi! Huko kwenye komenti watu wanaulizana mganga yuko wapi.

Kaingia mpaka jikoni. Kafunua sufuria ya unga wa idli, vile vitumbua vyao vya mvuke, kabana pua mbele ya kamera, eti wanakula vilivyooza. Mchele na dengu vimelowekwa, vikasagwa, vikalazwa usiku viumuke, asubuhi vinapikwa kwa mvuke. Wewe kitumbua hujawahi kula? Mchele wake haulowekwi ukaumuliwa?

Ile ya kuwashangaa Watamil, wenyeji wa huku, kwamba hawaongei Kihindi siigusi sana. Katiba ya India imeorodhesha lugha 22, Kitamil kimo. Kugugo tu kumemshinda, na simu anayo ya bei mbaya.

Nimemfuata inboksi aifute. Kanijibu, "Kaka usinipangie, views zinapanda." Sasa mjukuu wa yule mama kaiona, kamtambua bibi yake, ananiuliza mimi pale wanasema nini. Nimtafsirie "uchawi"? Na kodi ya mwezi ujao naipeleka kwa uso gani?

Video bado ipo hewani. Mkikutana nayo iripotini, na msiisambaze humu kwa kisingizio cha kuuliza "ni hii?".