Halua ya saa: nimelipia robo siku, nikatupwa Ramadhani ya 29 mchana, pochi ikabaki Idd mosi!

Wakuu, mnivumilie, naandika nikiwa nimefura. Na mtu asije na vicheko hapa, hili ni suala la hela.

Halua ya saa mnaijua, ile inayotolewa usiku wa mkesha tu, mwezi ukishatangazwa. Ukila kipande jioni ya Idd mosi unarudi saa sita mchana, pilau ndiyo kwanza inapakuliwa. Basi nikaingia duka moja Kariakoo, jina naliacha, nikalipa elfu thelathini kwa kilo. Halua ya kawaida hapo hapo ni nusu ya bei. Nikauliza mara mbili: kipande kimoja ni robo siku? Akasema, "Robo siku, mkubwa, kula bila wasiwasi."

Idd mosi, saa kumi na mbili jioni, kwangu Buguruni. Kanzu nimeshavua, nimebaki na msuli, nimekaa mkekani na wanangu wawili. Tukala kipande kimoja kimoja. Kimoja tu!

Kufumba na kufumbua jua linawaka, koo limekauka, nje muuza barafu anapita kimya kimya kama mwizi. Nikajua hapa si Idd. Ramadhani ya 29, saa nane mchana. Saa ishirini na nane nyuma badala ya sita.

Mke wangu hakula, alikuwa jikoni, kwa hiyo hakumbuki chochote. Akaingia chumbani akanikuta midomo inang'aa samli, vidole vya njano kwa zafarani, iliki inanukia chumba kizima. Akasimama mlangoni. "Baba Watoto, unakula mchana? Na watoto unawafundisha?" Nikaanza kueleza habari ya kesho jioni. Wakuu, jaribuni siku moja kumweleza mwanamke aliyefunga, ana usingizi wa daku, kwamba wewe umetokea kesho jioni.

Hilo lingepita. Halua hii inarudi na kilichokuwa mkekani tu: mimi, watoto, mkebe na pochi. Nyama, mchele, kuku wawili, viatu vya watoto, vyote vimeyeyuka kwa sababu vilinunuliwa usiku ule na usiku haujafika. Lakini pochi imekuja kama ilivyokuwa Idd mosi jioni, yaani elfu nne na sarafu. Mama Watoto anauliza laki mbili za sikukuu alizoziona jana yake kwa macho yake ziko wapi. Nimezitumia. Kwa nini? Kwa vitu ambavyo havipo.

Kwa fundi cherehani ndiyo usiseme. Mnawajua mafundi wa wiki ya Idd. Ile kanzu niliipata kwa kukaa kibarazani kwake hadi saa sita usiku, nikammalizia na elfu ishirini yake. Nimekwenda, kanzu haina mikono. "Bado elfu ishirini, halafu njoo kesho."

Nikapanda daladala na mkebe wangu hadi dukani, saa tisa mchana. Nikatoa risiti ya EFD. Jamaa akaisoma, akaigeuza, akasema risiti imeandikwa 22:04, yaani saa nne usiku, na hiyo saa nne bado. "Mkubwa, mwezi wenyewe haujaandama, mimi halua ya Idd nimekuuziaje?" Watu dukani wakacheka. Nikarudi saa nne na dakika tano usiku. Safari hii risiti akaikubali, ila akanyoosha kidole ukutani: MALI IKISHAUZWA HAIRUDISHWI. Halua yao inarudisha watu, hela hairudishi!

Na tatizo nalijua, nimelelewa na bibi aliyekuwa akipika halua. Sukari, wanga, samli, mwiko hauachwi hadi mchanganyiko uvutike na samli ianze kujitenga pembeni. Halua ya saa inakorogwa kinyume, kushoto, na mkono mmoja mwanzo hadi mwisho. Ukibadilisha mtu, hesabu inaruka. Saa nne ile nilichungulia nyuma ya duka: vijana wawili wanapokezana mwiko kwenye karai, mmoja anakoroga huku anaangalia mpira kwenye simu. Sasa hapo robo siku itatoka wapi?

Kuhusu swaumu, nilimfuata sheikh wa msikiti wetu. Nikamweleza yote: nilimeza nikiwa Idd, ladha ikanikuta Ramadhani, je nalipa au silipi? Akanyamaza muda mrefu, akaangalia kulia na kushoto, akaniuliza, "Imebaki?"

Idd mosi hii ya mara ya pili nimeifanya kwa laki moja ya shemeji, na kila tukipishana ananiuliza kama nimekula vizuri. Kanzu nimevaa ya mwaka juzi. Watoto wamedai sikukuu yao upya, wakati wanakumbuka vizuri sana kwamba nilishawapa.

Mwenye kujua pa kushtaki duka la namna hii aniambie haraka. Sasa hivi ni saa kumi na moja na nusu jioni, nusu kilo imebaki kabatini, na huyu mdogo ameshakwenda jikoni kutafuta kisu.