Majirani Mwembeni: jicho la Bobi

Mama Neema: Habari za asubuhi majirani. Bobi kaamka na kinyama chekundu kwenye kona ya jicho, upande wa puani. Kama punje ya harage. Jana jioni hakikuwepo.
[Picha]

Baba Juni: Si huyu aliyetafuna kandambili zangu? Kapigwa jiwe huyo.

Mama Neema: Baba Juni jamani 🙄

Bi Zuhura: Mjukuu alipougua macho tulipewa matone, yamebaki nusu chupa. Nimtume kijana ayalete?

Rehema Mifugo: Shikamoo Bi Zuhura. Subiri kwanza, yameandikwaje?

Bi Zuhura: Marahaba. Ngoja miwani... dexamethasone.

Rehema Mifugo: Hiyo ni steroidi, dawa ya kutuliza uvimbe. Kama kioo cha jicho kina mchubuko, kidonda hakifungi, na jicho linaweza kutoboka. Daktari hutia rangi kwanza, penye kidonda pang'ae kijani. Mama Neema, usitie kitu.

Mama Neema: Kwani ni uvimbe?

Rehema Mifugo: Hapana. Mbwa ana kope la tatu, limejificha kona ya ndani, linapita juu ya jicho kama waipa ya gari. Chini yake kuna tezi ya machozi. Ndiyo hiyo imechomoka. Ana umri gani?

Mama Neema: Miezi saba. Baba yake boerboel, wale mbwa wakubwa wa ulinzi.

Rehema Mifugo: Ndio umri wake, wengi huwapata kabla ya miaka miwili. Mbwa wa aina ya bulldog na cocker spaniel ndio usiseme. Na jicho la pili mliangalie, mara nyingi hufuata.

Mzee Lyimo: Tiger wangu alipata hiyo 2019. Jamaa mmoja akaja hapa nyumbani, akakivuta na koleo, akakata. Dakika kumi, tukampa na soda.

Rehema Mifugo: Na baadaye, Mzee?

Mzee Lyimo: Mwaka haukupita sana. Kila asubuhi macho yamegandana, ute kama wa bamia. Mwishowe jicho likawa jeusi kama limepakwa moshi. Alikuwa akigonga ndoo za maji.

Rehema Mifugo: Pole Mzee. Tezi ile hutoa kama theluthi ya machozi, pengine zaidi. Ikikatwa, jicho linakauka, na hapo ni kupaka dawa maisha yote. Siku hizi inarudishwa ndani na kushonewa kifuko. Wachache huchomoka tena, wanashonwa upya. Daktari akikuambia "nakata tu", Mama Neema, chukua mbwa wako uondoke.

Baba Juni: Paka wangu juzi utando mweupe ulifunika macho yote mawili hadi katikati. Ndiyo hiyo?

Rehema Mifugo: Hiyo nyingine. Yote mawili kwa pamoja, mara nyingi mwili ndio unaumwa. Alikuwa anakula?

Baba Juni: Alikuwa anahara.

Rehema Mifugo: Umejijibu. Mpeleke naye.

Bi Zuhura: Na haya matone?

Rehema Mifugo: Tupa Bi. Yakishafunguliwa, mwezi mmoja basi.

Mama Neema: Nampeleka leo. Ila anajikuna mno!

Rehema Mifugo: Mkinge shingoni. Kinyama kiloweshe na maji ya dripu ya chumvi kisikauke, usikibinye.

Mama Neema: Nimekata kitako cha ndoo ya rangi nikamvalisha.
[Picha]

Baba Juni: 😂😂😂 Kandambili nimesamehe. Bajaji ipo, nakuja na paka. Aje na ndoo yake.