Huyo mama wa zamani aliyekuwa "anakaa tu nyumbani" ni mama wa nani?

Wadau, Desemba tulipanda Uru, kijijini kwetu Moshi mlimani, kama kawaida. Kwenye kikao cha familia baba mdogo akasema wanawake wa siku hizi mmeharibika, zamani mama anakaa nyumbani baba ndo anatafuta, watu wakaitikia. Limenikaa rohoni mpaka leo, naomba tulijadili.

Mama yangu alikuwa anaamka saa kumi alfajiri anakata majani ya ng'ombe, anakamua, halafu anajitwisha mkungu wa ndizi mshare juu ya ngata ya majani makavu ya mgomba anashuka kwa miguu mpaka sokoni Mbuyuni, Moshi mjini, jioni anapanda tena na kuni, na bado chakula kinamsubiri yeye. Huko ndo kukaa nyumbani?

Kahawa ilikuwa ya baba. KNCU, chama cha ushirika cha wakulima wa kahawa Kilimanjaro, ipo tangu 1933 na hela ya kahawa huku kwetu ilipokelewa na mwenye kihamba (shamba la ukoo la migomba na kahawa), yaani mwanaume, ndizi na maziwa akaachiwa mama kwa vile ilionekana ni hela ya chumvi tu. Bei ya kahawa ilivyoanguka, hiyo ya chumvi ndo ikatulipia ada, nazikumbuka zile noti alizofunga kwenye pindo la khanga zinanuka maziwa.

Na msiniambie kazi za nyumbani hazihesabiki, Mahakama ya Rufani ilishasema 1983 kwenye kesi ya Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu kwamba ni mchango kwenye mali ya ndoa. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 nayo imefuta mila inayomnyima mwanamke ardhi. Ila kikao chetu kikaamua kihamba ni cha kitinda mimba wa kiume, mabinti "mtaolewa".

Hofu ya wazee naielewa kabisa, makaburi ya babu zetu yako humo mgombani na hakuna anayetaka ukoo mwingine uje ulime juu yake. Lakini mdogo wetu yuko Dar mwaka wa sita hajui hata mgomba upi unahitaji nguzo, anayepunguza machipukizi, anayebeba samadi na kufagia hayo makaburi ni dada yetu aliyerudi ndoa ilipovunjika, na ndo anaambiwa aondoke ifikapo Juni.

Sasa nyie mnaosema mila ifuatwe, niambieni aende wapi.