Kitabu, skrini au Paukwa: ukuta gani unafaa kati ya dunia ya hadithi na hii yetu?

MwanaPangani:
Wakuu habari za jioni, naombeni mawazo. Naandika hadithi ndefu, zimwi la kwenye ngano za bibi linatoka huko liliko linaingia mtaani kwetu, sasa nimekwama kwenye ukuta. Yani kile kinachotenganisha dunia ya hadithi na hii ya kwetu, kinafungukaje, nani anaweza kukifungua na akifungua analipa nini. Nimewaza njia tatu: mtu anasoma kitabu kwa sauti kiumbe kinatoka, au kinashuka kwenye skrini ya sinema, au hii yetu ya Paukwa Pakawa. Nipo sura ya nne na usingizi sipati.

KurasaZaUsiku:
Mkuu mimi ni wa kitabu moja kwa moja, ila hapo kwenye malipo usipaache. Kwenye Tintenherz ya Cornelia Funke (2003) baba anasoma kwa sauti, wabaya wanatoka kitabuni na papo hapo mkewe anamezwa humo ndani, na msomaji hana uwezo wa kuchagua nani aende. Ndo maana kila akifungua mdomo kusoma unashika roho. Halafu ile riwaya ya Michael Ende ya 1979, The Neverending Story, mtoto ameshaingia kitabuni, kila akitamani jambo likawa anapoteza kumbukumbu moja ya kwao, mpaka mwisho jina lake mwenyewe linamtoka. Zimwi lako likitoka bure bure tu msomaji hataogopa.

Juma_wa_Reli:
Skrini nayo isidharauliwe. The Purple Rose of Cairo, muvi ya 1985, jamaa anatoka kwenye skrini anamfuata mwanamke aliyekaa anaangalia, wanaenda kula hotelini, kulipa anatoa hela ya kwenye filamu, haipokelewi. Na wenzake waliobaki kule kwenye skrini hawawezi kuendelea na stori, wamekaa tu wanabishana. Hilo la mwisho ndo nakuomba ulifikirie kaka, zimwi likishatoka, ile ngano lililoiacha inakuwaje? Tuseme humo kuna msichana alikuwa anafukuzwa na hilo zimwi, bado anakimbia?

BiMkubwa_Chake:
Mwanangu ukuta unao tayari, soma hii vizuri, sisi tukiitikia tangu wadogo:

Paukwa! Pakawa!
Kaondokea chenjagaa, kajenga nyumba kakaa, mwanangu mwana Siti, kijino kama chikichi, cha kujengea kikuta, na vilango vya kupitia.

Umeona? Kikuta kimo na vilango vimo, na kimejengwa kwa kijino cha mtoto. Mie nimeyasema maneno haya miaka na miaka bila kuyatia akilini, hadi juzi mjukuu wangu kaniuliza, bibi, vilango vya kupitia wapi? Nikanyamaza na ungo wangu wa mchele mapajani, sikuwa na jibu.

Na jengine, kitabu hufunguliwa na mtu mmoja. Paukwa haifunguki mpaka mtu wa pili aitikie. Ukisema Paukwa pasiitikiwe, hadithi haisimuliwi. Basi huko kwenye hadithi yako muulize huyo anayefungua: nani kamuitikia?

KurasaZaUsiku:
Shikamoo Bi Mkubwa. Hapo kwa muitikiaji nimesalimu amri, kitabu hakina hiyo kitu.

Mtega_Kitendawili:
Sisi bara wengi tunaanza na Hadithi hadithi, wanaitikia Hadithi njoo, uwongo njoo, utamu kolea. Naona hizi mbili sio kitu kimoja. Paukwa ina vilango, wewe ndo unapita kwenda kule. Hadithi njoo unaita kitu kije hapa ulipo, tena unauita uwongo wenyewe kwa mdomo wako. Mkuu kama zimwi linatoka kuja mtaani basi mlango wako ni huu wa njoo, na msichana akitaka kulirudisha atumie Paukwa. Malipo nayo tunayo, kwenye kitendawili ukishindwa unaambiwa nipe mji, unataja mji ndo upewe jibu. Hebu fikiria mtoto anasema haya chukua Tanga, anadhani ni mchezo.

Juma_wa_Reli:
Duh, hiyo ya Tanga imenisimamisha nywele.

BiMkubwa_Chake:
Marahaba mwanangu KurasaZaUsiku. Na kufunga musisahau. Wasimulizi wa zamani wakimaliza husema ikiwa njema ni yetu sote, ikiwa mbaya ni yangu peke yangu niliyeifanya, na kwenye hadithi za Unguja alizozikusanya yule mmisionari Edward Steere zikachapwa London 1870 mwisho wa namna hiyo umo. Mwenye kusimulia anajitwisha ubaya wote ili wasikilizaji watoke salama. Asiposema, kilango kimebaki wazi.

MwanaPangani:
Bi Mkubwa shikamoo, na asanteni wote kwa kweli. Jana usiku umeme ulikatika nikawasomea watoto wa dada sura ya kwanza kwa mwanga wa simu, nikasema Paukwa, wawili waliokaa mbele yangu wakaitikia, na yule mdogo aliyekuwa ameshalala chumba cha pili naye akaitikia, sauti ya usingizi kabisa. Nilisisimka mwili mzima. Basi sura ya nne inaanzia hapo, bibi anasema Hadithi hadithi, watoto wanne ndani wanaitikia njoo, na sauti ya tano inatokea uani.

Ila kwenye kufunga nina swali moja Bi Mkubwa. Bibi akifariki katikati ya hadithi, yale maneno ya mwisho mjukuu anaruhusiwa kuyasema kwa niaba yake?

BiMkubwa_Chake:
Marahaba. Anaruhusiwa, lakini ubaya sasa unakuwa wake yeye.