Mhadhiri wa kemia kwenda uprofesa wakati chuo hakina NMR

Chupa_ya_Kahawia
Wakuu, habari za kazi. Nina PhD ya kemia ya mimea dawa, cheo ni Mhadhiri. Nalenga Mhadhiri Mwandamizi, kisha Profesa Mshiriki. Sampuli zetu zinapimwa NMR (mashine inayoonyesha muundo wa molekuli) nje ya nchi, na wahakiki wanarudisha makala kwa hoja ya usafi wa sampuli. Nianze kurekebisha wapi?

Mizania
Ndugu, anza na mwongozo wa upandishaji vyeo wa chuo chako. Kwa kawaida unakaa miaka 3 kwenye cheo kabla ya kuomba kinachofuata, na makala ulizopandia cheo cha sasa hazikubebi tena. Angalia pia alama zinavyogawanywa kati ya waandishi wenza: ukiwa jina la sita kila mara, orodha yako itakuwa ndefu na alama kiduchu. Na usikimbilie jarida linalokubali makala ndani ya siku 4 ukishalipa. Kwenye ngazi za uprofesa makala zinasomwa na watathmini wa nje, nao wanayatambua haraka majarida ya aina hiyo.

Silika60
Tatizo la usafi huanzia kwenye vyombo. Plastiki ndiyo adui: chupa ya kunyunyizia, mpira wa bomba, kifuniko laini. Ethili asetati na kloroformu vinayeyusha vilainishi vyake, na ukikausha lita 3 za kiyeyusho vinabaki vyote ndani ya sampuli. Kwenye spektra ya protoni (mchoro wa NMR wa hidrojeni) utaona vilele karibu na 7.7, 7.5 na 4.2 ppm, yaani kipimo cha mahali kilele kilipo. Hiyo ni fthalati, kilainishi cha plastiki, na kuna makala zilizoitangaza kuwa zao la mmea. Inasikitisha sana, maana mhakiki akiiona mara moja anatilia shaka data nyingine zote. Tumia kioo, keneka viyeyusho upya, kisha kausha mililita 500 za kiyeyusho kitupu na upime kilichobaki. Usipofanya jaribio hilo hujui unachopima.

Kabla ya kutuma, pitisha myeyuko kwenye pamba ndani ya pipeti ya kioo. Chembe za silika, ule unga wa kutenganishia sampuli, zinapanua mistari ya spektra. Kausha chini ya vakyumu usiku kucha pia, la sivyo ethili asetati itakuachia kilele cha 2.05 na 4.12.

Chupa_ya_Kahawia
Asante sana. Mara nyingi napata mg 3 tu. Zinatosha?

Silika60
Kwa protoni zinatosha. Kaboni-13, aina ya kaboni ambayo NMR inaiona, ndiyo ngumu, kwa sababu ni asilimia 1.1 tu ya kaboni yote. Sampuli ikipungua mara 4, muda wa kupima unaongezeka mara 16 ili upate mawimbi ya ubora uleule: kazi ya saa 1 kwa mg 12 inakuwa saa 16 kwa mg 3, na maabara ya nje haitakupa muda huo bure. Omba vipimo vya NMR vya HSQC na HMBC, maana vinasoma kaboni kupitia protoni, na tumia mrija wa milimita 3 badala ya 5. Bora zaidi, anza na kilo 2 za unga wa mmea badala ya gramu 300.

Hebariamu
Naongezea la shambani. Siku ya kukusanya, bana tawi lenye ua au tunda, lipeleke hebariamu (hifadhi ya mimea iliyokaushwa) lipewe namba, na uandike namba hiyo kwenye makala. Majani matupu mara nyingi hayatoshi kutambua spishi, na jarida zuri halipokei mmea usio na kielelezo. Kibali cha utafiti kinatolewa na tume za sayansi na teknolojia: COSTECH kwa Tanzania, NACOSTI kwa Kenya. Sampuli inapovuka mpaka, iwe na mkataba wa uhamishaji ulioandikwa kabla, wenye kifungu cha nani anakuwa mwandishi wa mawasiliano, yaani anayeisimamia makala mbele ya jarida. Wengi hukumbuka kifungu hicho baada ya spektra kurudi, wakati mwenye mashine ameshaanza kuandika makala.