Mjadala: Mama akijifungulia nyumbani, ni haki kumpiga faini?

Mleta mada

Wakuu habari za jioni. Naleta hili mezani maana tangu juzi halijaniisha kichwani. Shemeji yangu yuko kijijini, kajifungua mtoto wa nne nyumbani saa tisa usiku, mvua inapiga, mume yuko kambi ya mkaa na simu ya nyumba ameenda nayo yeye. Asubuhi mama mkwe kampakia kwenye boda na kichanga chake mpaka zahanati waandikiwe kadi ya kliniki ya mtoto, kufika pale wanaambiwa kadi haitoki mpaka walete risiti kutoka kwa mtendaji wa kijiji. Risiti ya nini jamani? Ya faini. Alfu hamsini. Eti kijiji kilishakaa mkutano kikakubaliana kila anayezalia nyumbani analipa. Sasa hamsini mama hana, mume hana, wakarudi nyumbani kimyakimya na mtoto kakaa wiki tatu hajachanjwa, hata ile ya kifua kikuu ya begani hana.

Najua kuna mtu atakuja na takwimu kwahiyo naziweka mwenyewe. Utafiti wa kitaifa hapa Tanzania wa 2015/16 ulionyesha watoto 63 kati ya 100 ndo walikuwa wanazaliwa kwenye vituo vya afya, ule wa 2022 ukaonyesha 81. Vifo vya uzazi vilikuwa 556 kwa kila vizazi hai laki moja, vikashuka mpaka 104. Siyo kidogo hata mimi nashukuru. Ila katikati hapo zimejengwa zahanati, vituo vya afya vimewekewa vyumba vya upasuaji, ikaja na ile namba 115 ya kuita usafiri wa mjamzito bure. Mtu asije akaniambia ni faini ya mtendaji ndo imefanya yote hayo.

Swali langu ni moja tu, usiku ule uamuzi wa kwenda hospitali ulikuwa wa nani? Hela anashika mume, simu anashika mume, na mama mkwe anasema sisi tumezaa saba humu humu ndani na tuko hai. Halafu faini inaandikwa jina la nani?

Nesi wa Kijijini

Kaka samahani, nitaongea kwa ukali kidogo. Mimi ni mkunga mwaka wa kumi na moja huu, zahanati yangu tupo wawili na mwenzangu akienda semina nabaki peke yangu. Kuna mama aliletwa saa nne asubuhi, kazaa nyumbani saa sita usiku, mtoto mzima analia vizuri, kondo la nyuma halijatoka. Masaa kumi yote walikuwa wanampa uji na kumkanda tumbo. Nimemshika kiganja cheupe kama karatasi. Mama anayevuja damu baada ya kuzaa hasubiri mpaka kuche, masaa mawili yanaweza kummaliza, na nyumbani hakuna sindano ya kubana kizazi wala damu ya kuongeza. Gari limefika ameshakata roho. Huyo mama mkwe wa saba humu humu ndani anahesabu wale saba, mwulize wenzake wangapi wa rika lake walizikwa.

Kwahiyo mimi faini naiunga mkono. Watu wetu bila kuguswa mfukoni hawasikii.

Mama Wawili

Dada nesi nakuheshimu sana ila ngoja nikwambie kwa nini wengine tunachelewa makusudi. Mimba yangu ya kwanza nimeenda hospitali, tena mjini siyo kijijini. Nimeambiwa nije na glovu, pamba, wembe, kibanio cha kitovu, mpira wa kutandika kitandani, beseni na doti mbili za khanga, na mjamzito si ndo tunaambiwa huduma ni bure? Vimenitoka alfu thelathini na kitu. Uchungu umekolea nalia, nesi ananiuliza kwani siku ile ulipokuwa unaitafuta ulilia hivi? Mbele ya wenzangu sita. Nilizaa salama sikatai, ila mimba ya pili uchungu ulipoanza nilikaa nyumbani mpaka nikaona maji yamevunjika ndo nikaondoka, nikasema nifike nizae tu wasipate muda wa kunitukana. Hiyo ya kutukanwa nayo iwekewe faini basi tuone nani atalipa.

Kijana wa Boda

😂😂 hapo kwenye risiti mmenikumbusha mbali. Mnajua siku ya kwanza ya kliniki wanataka mama aje na mwenza wapimwe wote. Asiye na mwenza aende kwa mwenyekiti aandikiwe barua, na barua kwetu haiandikwi bure. Mimi nimekodiwa mara mbili kuwa mume, alfu tano plus nauli. Mara ya pili nesi kaniangalia akasema wewe si ulikuja mwezi uliopita na mwingine, nikamwambia dini inaruhusu.

Ila serious, usiku bei ya boda siyo ya mchana. Kutoka kwetu mpaka kituo cha afya mchana elfu nane, usiku na mvua sitoki chini ya ishirini, na nikitoka naomba Mungu asizalie kwenye pikipiki. Hiyo 115 ipo kweli na imesaidia watu, dereva aliyesajiliwa anampeleka mama halafu analipwa kwenye simu. Ila ni magari, na mto ukijaa kwetu gari linaishia ng'ambo.

Mzee wa Baraza

Wanangu hamjambo. Mimi nilikuwepo kwenye mkutano wa namna hiyo kijijini kwetu na mkono nilinyosha, kwahiyo nisiruke. Tulivyoelewana pale ni kwamba anayetozwa ni mwanaume, maana ndiye anayekaa na hela ya mazao akiambiwa mkeo anakaribia kujifungua anasema bado. Ikapita miezi, kitabu cha risiti kimejaa majina ya akina mama. Mtendaji ukimuuliza anasema aliyekuja zahanati kutaka kadi ni nani? Ni mama, basi anatozwa aliye mbele yake.

Na jambo lingine, sheria ndogo ya kijiji lazima ipelekwe halmashauri ya wilaya ipitishwe, ndivyo sheria ya serikali za mitaa ya 1982 inavyotaka. Ya kwetu iliishia kwenye daftari la mihutasari. Aliyetozwa ana haki ya kuuliza imepitishwa wapi.

Mleta mada

Shikamoo mzee. Hapo umesema neno, nitawaambia nyumbani waombe kuiona hiyo sheria.

Jirani wa Kitale

Naingia kutoka Kenya. Sisi huku tarehe 1 Juni 2013 serikali ilitangaza kujifungua ni bure hospitali za umma, baadaye ikaja Linda Mama, mpango wa serikali wa kulipia uzazi. Hakuna chifu aliyetoza mtu, ada iliondolewa na akina mama wakaja, tena wengi hadi mahali pengine walilala wawili kitanda kimoja. Sasa hiyo ya kulala wawili ilileta malalamiko yake, sisemi kwetu ni peponi. Lakini mlango ukiwa wazi watu huingia bila kuchapwa.

Nesi wa Kijijini

Nimesoma zote. Mama Wawili pole, na nisijitetee, kuna wenzetu midomo yao inaua kuliko damu, na mimi nikiwa zamu ya usiku ya tatu mfululizo sijui kama sijawahi kusema neno. Vifaa navyo sivitaki mimi, stoo ikiwa na glovu nakupa, stoo ikiwa haina nikuzalishe mikono mitupu?

Ila kuna kitu ngoja nikiseme maana hapa hatujuani. Rejesta yetu ina sehemu ya kuandika mtoto kazaliwa wapi. Kituoni, nyumbani, kwa mkunga wa jadi, njiani. Tangu faini ianze mama akija na kichanga cha jana nikiandika nyumbani najua alfu hamsini inamsubiri, na najua ataondoka na asirudi, chanjo imekufa hiyo. Kwahiyo naandika njiani. Mwenzangu naye anaandika njiani. Ukifungua rejesta yetu utadhani kijiji kizima kinazalia barabarani.

Mleta mada

Dada sasa si umejijibu mwenyewe? Mwanzo umesema bila kuguswa mfukoni hawasikii, hapa unawaficha wasiguswe. Na wilayani wakisoma hiyo rejesta wataona wanaozalia nyumbani wamepungua, watasema faini imefanya kazi, na vijiji vya jirani vitaiga.

Nesi wa Kijijini

Najua. Yule wa kondo simsahau ndo maana nataka iwepo, na huyu aliyesimama mbele yangu na kichanga naye simwezi. Wewe ungeandika nini?

Kijana wa Boda

Mimi naomba tu huyo mume wa kambi ya mkaa aache simu nyumbani. Namba yangu anayo.